Ukuta Uliosubiri Jina

Manispaa yetu hapa mjini Cuttack ilijenga ukuta wa mtaro, ukaziba mlango wa jirani yangu Kumudini Behera, mjane anayeuza maandazi ya unga wa mchele. Tangu hapo akawa anapita jikoni kwangu kufika barabarani, sinia kichwani, hata nikiwa nimekaa chini nakula. Alishtaki, mahakama ikaamuru ukuta ubomolewe. Miaka miwili ikapita, hakuna aliyegusa hata tofali.

"Dada, turudi kwa jaji," nikamwambia. Nilishachoka kukanyagiwa sahani.

Safari hii shauri lilikuwa la kuidharau mahakama. Jaji akamwita mhandisi wa manispaa, Prafulla Dash, aje mwenyewe, aeleze kwa nini asifungwe.

Asubuhi ya kesi tuliamshwa na nyundo. Dash alikuwa pale, jasho linamtiririka, anawafokea vibarua wafanye haraka.

"Mama, ukuta si huo umeanguka?" akamwambia Kumudini. "Nakuomba umwambie jaji tumetii."

"Na ile amri ya kwanza, mwanangu, hukuiona?"

"Ilikuja ofisini, mama. Iliandikwa tu 'Mhandisi wa Manispaa'."

"Na hii?"

Dash akafuta uso. "Hii ina jina langu."

Nilitaka kumtukana, kicheko kikanizidi. Kumudini akajitwika sinia, akatokea mlangoni kwake kama bibi harusi, akaruka kifusi.

Mimi nikalitia komeo jiko langu, nikala wali wangu hadi punje ya mwisho, miguu nimeinyoosha.