Kilio Nilichokiagiza Kombewa

Kwa miaka mingi nimewaambia wenzangu kwamba muswada wangu wa filamu ulikwama kwa uhaba wa ushahidi, maelezo yenye heshima kabisa, lakini leo nakiri kwenu kwamba niliukwamisha mwenyewe, mchana kweupe, mbele ya kijiji kizima.

Mwishoni mwa miaka ya themanini nilikuwa nasomea shahada ya uzamili, nikiishi Kisumu na kuandika filamu kuhusu askari wetu waliopelekwa kupigana Burma katika Vita Kuu ya Pili. Mzee Ojwang' wa kijiji cha Kombewa alikuwa mmoja wao. Kwa wiki sita alinisimulia kila kitu, hadi ile barua iliyofika nyumbani kimakosa ikisema amekufa, jamaa wakamlilia bila maiti. Ilibaki siku aliporudi akiwa hai, nayo aliahidi kunisimulia Jumamosi.

Jumamosi nilifika mapema, Mzee akiwa bado sokoni, na hapo nikafanya uamuzi mdogo (nilikuwa nimeufikiria juma zima, na bado ulikuwa wa kijinga): nilimwomba mkewe, Mama Akinyi, na wakazamwana wawili walie kama alivyoliliwa Mzee siku ya barua, ili ninase sauti kwenye kaseti.

"Si twende tulilie kanisani, mwalimu," Mama Akinyi alisema (kwake kila msomi alikuwa mwalimu). "Hapa ni boma ya mtu aliye hai."

Nilisisitiza pale pale, eti kwa ajili ya uhalisia.

Walianza kwa haya, kisha wakakolea, nami nimeinamia redio kaseti nikikagua sauti, bila kuona kwamba majirani wanamiminika, wengine wakilia tangu njiani (kwetu mtu hasubiri kuuliza, analia kwanza, jina la marehemu atalipata akifika). Mama mmoja alinishika mkono.

"Pole, kijana. Mzee amekufa saa ngapi?"

"Hajafa, Mama. Ni mazoezi."

"Mazoezi ya kufa?"

Hapo Mzee aliingia langoni mbio, bila kofia, na kiatu kimoja. Sokoni alikuwa ameambiwa kwake kuna kilio, na kwa kuwa yeye alikuwa hai, alijua ni nani aliyebaki wa kuliliwa. Alipomwona mkewe amesimama, aliketi vumbini, akaushika upindo wa leso aliyojifunga mkewe.

"Ni huyu mwalimu," Mama Akinyi alisema polepole. "Alitaka kusikia."

Mzee alinigeukia. "Umesikia?"

"Nimesikia, Mzee."

"Basi enda na hiyo."

Nilirudi mara nne kuomba radhi. Nilipokewa vizuri, nikalishwa samaki, lakini kila nilipogusa daftari Mzee alianza habari za ng'ombe, mpaka akafariki bila kunisimulia siku ile ya kurudi. Sijawahi tena kumwomba mtu anionyeshe alivyoumia. Muswada ukihitaji kilio, naandika "wanalia", nafungua ukurasa unaofuata.