Siku Susu Aliponyamaza

Juzi nilitazama filamu kwenye ukumbi mmoja hapa Kitengela. Haikuwa na msimulizi, ni nyuso tu za Wakenya baada ya serikali kubadilika. Ghafla nikamwona Susu, marehemu nyanya yangu.

Alasiri ile alipopigwa picha hiyo, miaka mingi iliyopita, boma letu lilinuka mbuzi na vumbi, na mabati yalilia kwa upepo. Mwanamke mwenye kamera aliuliza, "Susu, kwako kuwa Mkenya ni nini?"

Tulidhani ni mtu wa vitambulisho, maana hao ndio huuliza kama wewe ni Mkenya. Susu alikuwa amengoja chake miaka mingi. Mama akamvua kitambaa masikio yaonekane, kama picha ya kitambulisho inavyotaka, akamwambia, "Usiongee, utaharibu picha." Susu, ambaye hakuna mtu aliyewahi kumnyamazisha, akakaza shingo, akanyamaza. Mimi nilingoja taa ya kamera imulike. Haikumulika, na kitambulisho hakikuja.

Ukumbini, msichana kando yangu alinong'ona, "Huyu shosho ako na hasira, ona vile amekataa kuongea."

Nilitaka kumweleza. Lakini Susu alikuwa bado ametulia pale, akingoja kuambiwa imetosha, nami nilikuwa natafuta sauti yake kichwani, siipati.