Ngazi Arobaini na Ndama Mmoja

Mimi sipendi kungojeshwa. Hata leo, mtu akiniambia "rudia kesho", damu inanipanda. Ugonjwa huo niliupatia kwa kampuni moja ya maji na taa pale Bukavu, Wabelgiji wangali wanatutawala, nami nikiwa seremala kijana mwenye karakana mtaa wa Kadutu.

Waliniagiza ngazi arobaini, za wafanyakazi wao kupandia nguzo za taa. Arobaini! Maseremala wenzangu walinicheka, eti kazi ya Wazungu hiyo nitaiweza wapi. Kuiweza nilikuwa naiweza. Kilichokosekana ni pesa ya mbao. Nikapanda mpaka kijijini Kabare kwa papa, baba yangu, nikamwomba ng'ombe wake wa maziwa nikamuuze, na alikuwa naye mmoja tu. Alinitazama mpaka nikaona haya, halafu akafungua kamba.

"Uzisha," akasema. "Lakini nataka ngombe yangu mbele ya kupanda maharagi. Mimi na mama yako hatuna tena meno. Maziwa ndiyo chakula yetu."

Ngazi zilikwisha kwa wakati, na nilizipeleka mwenyewe kwa mkokoteni. Wakazihesabu, wakapiga muhuri kwenye faktire yangu, karatasi ya kudai malipo: kulipwa ndani ya siku thelathini. Siku thelathini zikapita. Nilipokwenda kuuliza, karani wao, ndugu yetu mweusi mwenye tai na viatu vya kung'aa, alinishika mkono akanipeleka baa, akaninunulia bia baridi. "Mukubwa, faktire yako iko Léopoldville, inangojea saini. Vumilia kidogo." Nikanywa. Loo, ujinga wangu!

Papa aliposikia, alikasirika kweli. "Ulikunywa pombe ya mwenye deni? Basi umemuambia akae tu."

Kwetu ndivyo ilivyo: anayedai hagusi kikombe cha anayedaiwa mpaka neno liishe. Ukinywa, umekubali kungoja. Mimi nilidhani mambo hayo ni ya kijijini, mjini hayafiki. Yalifika. Kila niliporudi, karani aliniuliza, "Iko kiu tena, mukubwa?" na kucheka hadi tai inamruka.

Maharagwe yakapandwa, yakavunwa, yakapandwa tena. Nikipita mtaa wa Nguba naona ngazi yangu imeegemea nguzo, mtu juu yake anapiga mluzi. Wazungu wa kando ya ziwa wanapata taa, wazee wangu hawapati maziwa. Mama alikuwa akilowesha ugali kwa maji ya sombe, majani ya muhogo, na hakunilaumu hata siku moja. Hilo ndilo lililonichoma.

Halafu nikachelewa mimi. Karakana yangu ilikuwa na taa moja, na malipo yake niliyakawiza siku kumi na mbili. Kampuni ileile ikaniletea karatasi: lipa, na uongeze pesa ya kuchelewa. Niliisoma mara tatu. Nikalipa bila kelele, nikatunza risiti, nikavaa koti langu la Jumapili.

Safari hii bia ya karani niliikataa. Nilimtaka mhasibu mwenyewe, Mbelgiji mnene aliyekuwa akijipepea kwa bahasha. Nikaweka karatasi mbili juu ya meza yake.

"Bwana, hapa nilichelewa mimi, siku kumi na mbili, mukanilipisha ya juu. Hapa mumechelewa ninyi, miezi kumi. Ya juu yangu iko wapi?"

Akasema hiyo sheria ni ya wateja, siyo ya mafundi.

"Bwana, niliuzisha ngombe ya papa sababu ya ngazi zenu. Kwetu, ngombe ikilala kwa mutu miezi kumi, inarudia na ndama. Pesa yangu imelala kwenu. Mukinipatia yenyewe tu, basi ndama mumeikula."

Karani alitafsiri. Mhasibu alizitazama karatasi zile mbili, moja, halafu nyingine, halafu ile ya kwanza tena. Mwisho akachukua kalamu. "Kwa kipimo kilekile," akasema, kwa Kiswahili chake cha kuchechemea, wala hakuniangalia.

Wiki ile ile nilitoka pale na bahasha mbili, natembea kama gavana. Kwa ya kwanza nilinunua ng'ombe mzuri wa maziwa. Ya pili, ya kuchelewa, niliiweka mfukoni: kulikuwa na msumeno wa Ulaya dukani kwa Mgiriki uliokuwa ukiniita kila nikipita. Kwa chenji ya ile ya kwanza nikanunua mtungi wa kasiksi, pombe yetu ya ndizi, nikapanda Kabare.

Majirani walipiga vigelegele. Mama alimshika ng'ombe kiwele, akacheka peke yake. Nikamsimulia papa yote, hasa lile neno la ndama, na alicheka akajipiga paja. Nikamjazia kikombe. Akakipokea, akakiweka chini mbele ya miguu yake.

"Kunywa, papa."

"Nitakunywa." Akamtazama ng'ombe, akatazama njia nyuma yake, tupu. "Ngombe yangu ililala kwako miezi kumi na zaidi."

Mama aligeuza uso, mabega yakimcheza kwa kicheko. Nikaingiza mkono mfukoni, nikatoa bahasha ya pili, nikamwekea kiganjani, na ndoto yangu yote ya msumeno ndani yake. Papa alihesabu noti moja moja, akazifunika kwa kofia yake. Halafu akainua kikombe.