Aliyemlisha Maneno Royce Hallam

Royce Hallam alimsingizia Orpha Kittredge. Alisimama katikati ya watu sitini, mchana kweupe, ndani ya jumba la kupigia picha, akasema mwanamke huyu ndiye anayemharibia kazi. Alijua fika kwamba kwa siku kumi na moja hakutamka neno ambalo Orpha hakumtilia sikioni kwanza. Hilo ndilo kosa. Mengine yote yaliyokuja kusemwa juu ya Orpha, kwamba ana kisirani, kwamba umri umemchanganya, yalizaliwa na uongo huo mmoja.

Orpha alizaliwa nyuma ya hema, huko Iowa, katika kundi la waigizaji waliokuwa wakihama mji hadi mji na magari ya farasi. Mama yake alikuwa dobi wa kundi. Shule aliionja kipindi kimoja cha baridi tu, walipokwama Keokuk kwa theluji. Mwalimu alimkalisha nyuma, akamwita mtoto wa hema, na barafu ilipoyeyuka Orpha aliondoka akijua kuandika jina lake na si zaidi. Lakini alikuwa na masikio. Alikaa chini ya jukwaa, kati ya mbao na majani, akasikiliza mchezo mara tatu, na mara ya nne alikuwa nao wote kichwani: mfalme, kijakazi, hakimu, mpaka mlevi wa mlangoni. Alipokuwa na miaka tisa mwigizaji mmoja alivimba shavu kwa jino, na Orpha akavalishwa gauni lililokunjwa mara mbili kiunoni, akapanda. Hakushuka tena.

Kwenye hema mvua ikipiga turubai husikii hata mawazo yako, na mtu husahau. Kwa hiyo walijifunza kunong'ona bila kutikisa mdomo, neno likaenda kwa sikio moja tu, mtu wa mstari wa mbele asijue. Na palikuwa na ada yake. Aliyebebwa hivyo alipaswa kusema mezani usiku uleule, kabla hajagusa kijiko: "Leo Orpha kanibeba." Basi. Hakuna aliyecheka. Ambaye hakusema alihesabiwa mwizi, na safari ya pili aliachwa azame.

Sinema zenye sauti zilipofika miji midogo, hema lilikufa. Orpha akapanda treni kwenda California na sanduku moja na uso wake, uso ambao waongozaji waliutazama mara moja wakajua cha kuufanyia. Alikuwa mwenye nyumba mkali. Alikuwa mjane, nesi wa zamu ya usiku, bibi jela, shangazi asiyetaka harusi. Alionekana katika filamu zaidi ya mia na arobaini, kwa dakika mbili hapa na tatu pale, na kazi yake ilikuwa kumfanya mtu mzuri aonekane mzuri zaidi. Watu waliujua uso bila kulijua jina. Mara moja mwanamke alimshika mkono sokoni, kwenye machungwa.

"Ni wewe! Ni wewe uliyemfukuza yule binti kwenye mvua!"

"Ni mimi."

"Huna roho? Kwa nini ulimfukuza?"

"Alikuwa na mbwa, bibi," Orpha akamjibu, akaendelea kuchagua machungwa.

Siri yake ya kutojua kusoma aliijua mtu mmoja tu. Nettie Lomax alikuwa mshona mavazi ya studio na jirani yake wa mlango wa pili, katika kiua kimoja cha vijumba vya wapangaji. Mswada ukija, Nettie aliuleta jikoni, akavaa miwani, akausoma wote kwa sauti, huku Orpha akimenya njegere. Nettie alikuwa hodari wa sindano lakini hakuwa mwigizaji. Mapenzi na mauaji aliyasoma kwa sauti moja, kama mtu anayesoma orodha ya vifungo.

"'Nakupenda, Cordelia, usiende.' Anambusu. 'Niachie, katili wewe.' Shoga, chumvi umetia?"

"Nimetia. Soma."

"Sehemu yako imekwisha ukurasa wa nne."

"Soma yote, Nettie. Siwezi kujua namjibu nani kama sijui kalala wapi."

Ndivyo Orpha alivyokuwa akiingia kazini na mswada mzima kichwani, wake na wa wenzake. Waongozaji walimpenda kwa hilo. Miaka kumi na minane hakuwahi kuharibu picha hata moja, na sifa hiyo ndiyo iliyomweka mjini. Mwigizaji mwenye sura nzuri husamehewa. Mwenye sura ya Orpha huitwa kwa sababu moja tu: hakosei.

Mwaka hamsini na mbili Nettie alikuja mbio, mswada kifuani.

"Kurasa mbili! Shoga yangu, kurasa mbili nzima, unaongea peke yako!"

Filamu ilikuwa ya kesi, katika mji mmoja wa Kansas. Orpha angekuwa mama wa kijana aliyenyongwa bila kosa, naye angepanda kizimbani na kuuambia mji yaliyompata. Kamera ingekuwa juu ya uso wake. Hakuwahi kupewa kitu kama hicho. Nettie alipomaliza kusoma, alikuta Orpha ameacha njegere, mikono imelala tu mapajani.

"Umeshakishika?"

"Nimekishika. Soma tena, lakini polepole. Nataka kukisikia tu."

Royce Hallam alikuwa wakili anayewashtaki waliomnyonga kijana yule. Wakati ule jina lake liliandikwa juu ya milango ya sinema kwa herufi kubwa kuliko jina la picha yenyewe. Alikuwa na sauti nzuri, mabega mazuri, na chupa ndani ya mkoba wa wakili. Siku ya kwanza alisimama mbele ya baraza la wazee wa mahakama, watu kumi na wawili waliokodiwa kukaa tu, akafungua mdomo, na hapakuwa na kitu. Mwongozaji, Bwana Pfister, alianza kukwaruza shingo. Orpha, aliyekuwa ameketi hatua mbili kutoka pale na shela nyeusi kichwani, akaona mwenzake anazama. Akanong'ona. Royce akalipokea neno, akalitamka, akapokea la pili, mpaka mwisho. Pfister akapiga makofi.

Royce akamkonyeza. Mchana, akipita karibu na kiti chake, akasema taratibu, "Mama, wewe malaika."

"Mimi si malaika. Jifunze maneno yako."

"Kesho."

Kesho yake akaomba kiti cha mama wa marehemu kisogezwe karibu na wakili, eti moyo wake unamgusa. Kikasogezwa. Siku kumi na moja Orpha alimlisha kama kinda. Na kila siku, wakati wa chakula, watu wakiwa kwenye meza ndefu na maharage na mkate wa mahindi, Orpha aliangalia mdomo wa Royce Hallam akingoja. Royce alisimulia habari za farasi wake. Alikula pai vipande viwili. Hakusema.

"Atasema," Orpha alimwambia Nettie. "Anangoja siku ya mwisho."

"Shoga, hapa si hema."

"Mtu ni mtu."

Hilo ndilo lilikuwa kosa la Orpha, na ni kosa la watu wa hema peke yao. Alidhani ada inajulikana kila mahali watu wanapoigiza.

Siku ya kumi na moja ilikuwa yake. Walipiga kurasa zake mbili asubuhi, mara mbili, na mara ya pili mafundi wa taa juu kwenye ngazi hawakushuka hata baada ya Pfister kusema basi. Watu waliokodiwa kuwa baraza walikuwa wakilia, na hawakulipwa kulia. Mchana ikabaki hotuba ya Royce ya kufunga kesi. Fundi sauti, Dubrow, mtu mkimya mwenye masikio ya popo, aliteremsha kipaza sauti chini zaidi kuliko siku zote. Walipomaliza akavua vifaa vya masikioni, akasema, "Bwana Pfister, kuna mtu mwingine humu."

Akairudisha ile kanda, akaicheza. Jumba zima likasikia. Kwanza sauti nyembamba ya mwanamke: Waheshimiwa, mji huu umejifunza kunyonga kabla ya kujifunza kuuliza. Kisha sauti kubwa ya Royce Hallam: "Waheshimiwa, mji huu umejifunza kunyonga kabla ya kujifunza kuuliza." Neno kwa neno, mwanamke mbele, mwanamume nyuma.

Orpha alimgeukia Royce. Alijua sasa ndipo atakaposema.

"Mnasikia wenyewe," Royce akasema, akiipandisha ile sauti yake nzuri. "Siku kumi na moja bibi huyu ananibwabwajia maneno yangu sikioni. Ananitoa kwenye mstari. Nimenyamaza kwa huruma. Mtu mzima, kichwa kimemchoka, ningefanyaje?"

"Royce," Orpha akasema. "Mwanangu. Rudia hilo ukinitazama."

Royce akatazama vifungo vya koti lake.

"Basi sawa. Mimi nakwenda kusimama kule mlangoni. Aseme mwenyewe."

Akaenda mlangoni, akafunga mikono kifuani. Pfister hakuwa na la kufanya ila kuamuru kamera. Royce akaanza: "Waheshimiwa, mji huu..." Mji huu, mji huu. Mara ya kwanza, ya pili, ya nne. Mara ya saba fundi mmoja juu ya ngazi akasema, "Mji huu una nini, mzee?" na kicheko kikapasuka. Royce akatupa mkoba chini. Ukalia kioo.

Ingekwishia hapo kama dunia ingekuwa sawa. Lakini filamu ilikuwa imeshauzwa kwa jina la Royce Hallam, na baada ya saa moja Pfister alirudi kutoka kwa wakubwa na karatasi iliyopigwa chapa.

"Orpha, sikiliza. Tia sahihi hapa, mambo yaishe. Kurasa zako mbili zinabaki. Naahidi."

"Inasema nini?"

"Isome."

Orpha aliitazama ile karatasi. Angeweza kusema amesahau miwani, kama alivyosema miaka kumi na minane. Nettie alikuwa pale na pini mdomoni, akimtikisia kichwa: usiseme.

"Sijui kusoma," Orpha akasema, na alisema kwa sauti ya jukwaani, inayofika kiti cha mwisho. "Sijawahi kujua. Nisomee wewe. Kwa nguvu, wote wasikie ninachotakiwa kutia sahihi."

Pfister akawa mwekundu mpaka masikioni. "Orpha, tuingie ofisini."

"Kosa nimelifanya hapa, nisomee hapa."

Akasoma. Alisoma kama Nettie, bila sauti yoyote. "Mimi, Orpha Kittredge, nakiri kwamba kwa sababu ya uchovu na umri nilivuruga kazi ya Bwana Hallam, naye kwa wema wake..."

"Inatosha."

Akatembea mpaka mbele ya lile baraza la watu kumi na wawili, na shela yake ya mfiwa, akaanza hotuba ya wakili. Hakunong'ona. Aliwapa yote, tangu mji uliojifunza kunyonga hadi neno la mwisho, dakika sita, bila kukwama hata pumzi. Alipomaliza akawageukia wenzake. "Huo ndio uchovu wangu. Mwenye umri mdogo na aje aitoe hotuba hii." Kisha akaichukua ile karatasi mkononi mwa Pfister, akaikunja vizuri, akamtia mwenyewe mfukoni, akapiga hatua kwenda kuvua nguo za kazi.

Pfister alimfuata hadi chumba cha mavazi. "Najua ulichofanya," akasema chini chini. "Kila mtu anajua."

"Basi kaseme."

"Nina wake wawili wa kuwatunza, wa sasa na wa zamani."

"Kumbe umeoa mara mbili na hujawa mwanamume hata mara moja," Nettie akasema, pini zikiwa bado mdomoni.

Wiki ile mama mwingine alivalishwa ile shela, na kurasa mbili zikapigwa upya. Royce aliandikiwa maneno yake kwenye mbao kubwa nyuma ya kamera, akayasoma. Magazeti yalimsifu kwa jinsi macho yake yalivyotazama mbali. Na kwenye ofisi inayoita waigizaji, mtu aliandika kwenye kadi ya Orpha kwamba anaongea wakati wa kazi na hajui kusoma. La pili ni kweli. Kwa la kwanza simu ikanyamaza.

Hakurudi Iowa, kama watu wa studio walivyotarajia. Sasa anaigiza kwenye ukumbi wa kanisa huko Glendale, mabenchi ya mbao, Jumamosi mbili kwa mwezi, na anacheza malkia akitaka. Royce alimtumia maua mara moja, bila barua. Aliyarudisha kwa mikono yake hadi getini.

"Bwana Hallam amelala," mlinzi akasema.

"Akiamka mwambie sidai maua."

Anachodai kinajulikana na wenye deni wako hai. Dubrow anayo ile kanda ya siku ya kumi na moja, na anapaswa kuitoa. Pfister anazo zile kurasa mbili alizopiga asubuhi ile, uso wa Orpha ukiwa umejaa kwenye picha, zimefungiwa kwenye kopo kwenye ghala la studio. Anapaswa kuzionyesha kwa watu, mara moja tu, taa zikiwa zimezimwa. Na Royce Hallam anadaiwa sentensi moja ya maneno matatu. Asimame aitamke mbele ya wote waliokuwepo, kabla hajala, bila kuandikiwa kwenye ubao na bila mtu wa kumnong'oneza.