Besiboli Tuliyoisoma Molo

Enzi zetu kule Molo, besiboli tuliijua kabla ya kuiona. Brayo, kijana tunayekaa naye chumba kimoja hapa ughaibuni, Al Mankhool, hataki kuniamini. Jumapili iliyopita alinikuta nimejilaza kama kawaida yangu, akanionyesha kwenye simu mtu akipiga mpira hadi ukatoka uwanjani. "Mzee, hii unaijua?" Ningemwanzia tangu wakati wachezaji walipodaka mpira kwa mikono mitupu, lakini tayari alishahamia video ya paka.

Kitabu chetu kilikuja shuleni katika katoni ya msaada, tukiwa darasa la sita. Kizito kama tofali, kimejaa wachezaji wa zamani: nani alipiga mipira mingapi, mwaka gani, timu gani. Aliyekiandika alidhani msomaji anaujua mchezo tayari, kwa hiyo sheria hakuna hata moja. Basi tukachukua raunda yetu, ule mchezo wa kupiga mpira wa juala na kuzunguka vituo, tukaichanganya na picha mbili tatu za mle, tukaiita besiboli. Kigongo kilikuwa mguu wa dawati. Vituo vilikuwa sweta zetu, ndiyo maana tulicheza tukitetemeka kwa baridi, na nyumbani tukachapwa kwa ajili ya matope.

Nasema tulicheza, mimi niliketi. "Huyu ataoa kiti," Mama alizoea kusema. Mbio zilinishinda, lakini kusoma niliweza, basi nikakaa kwenye nyasi kitabu mapajani, nikigawa majina ya mashujaa na kuamua ugomvi. Njoroge, aliyekuwa hatari kwa kupiga, hakushika kigongo kabla sijamsomea rekodi za shujaa wake. Bila kitabu kile ningekuwa mtoto wa kuokota mpira kwenye michongoma.

Ndipo Mwalimu Chebet, aliyesimamia maktaba, akatangaza kwamba vitabu visivyosomwa vitauzwa kwa mama wa mandazi, karatasi zake awe anafungia wateja. Siku hiyo nilikimbia, hadi maktaba. Mwalimu akachomoa kadi nyuma ya kitabu. "Jina ni lako tu, juu mpaka chini. Kitabu cha mtu mmoja sikihesabu. Una mpaka Ijumaa."

Nikawapelekea wenzangu habari. Njoroge, ambaye maktaba aliijua kwa nje, akajikuna kichwa. "Nikiazima, ni lazima nisome?"

"Wewe peleka nyumbani tu."

Kikaanza kulala nyumba moja leo, nyingine kesho. Kilirudi kikinuka moshi wa huku na maziwa ya kule. Kwa kina Njoroge, nyanya yake alikitumia kufunikia sufuria ya githeri. Ijumaa Mwalimu akaitazama kadi, akanitazama mimi, akakirudisha rafuni. "Haya. Kinabaki."

Taabu ni kwamba walikuwa wamekisoma kweli. Jumatatu nilipofungua mdomo kutaja rekodi, Njoroge akaimalizia. Ugomvi ukaamuliwa na yeyote yule. Mtu wa kuketi hakuhitajika tena, nami nikaanza kujisogeza taratibu kuelekea michongoma.

"Wewe, unaenda wapi?" Njoroge akaniita. "Kazi yako imeisha. Njoo ushike kigongo."

Nikapiga hewa. Nikapiga hewa tena. Kisha mpira ukagongana na kigongo, wenyewe kwa wenyewe, nami nikatimua mbio upande usio wangu, nikaanza na kituo cha mwisho. Walicheka mpaka wakalala chini, halafu tukabishana wiki nzima kama inahesabika, maana hilo kitabu hakikulisema.

Brayo na wenzake wana vitabu vyote vya dunia mfukoni. Ukiuliza nani alipiga zaidi, jibu linafika kabla hujamaliza kuuliza, khalas, ubishi umekufa, kila mtu anageukia ukuta na simu yake. Silalamiki. Mtu wa kukaa ndani kama mimi angeomba nini zaidi? Jumapili nzima naweza kulala hapa, na hakuna hata mmoja atakayekuja kuniambia niinuke.