Alinyimwa kazi kwa kusoma zaidi

Saa moja asubuhi, kabla wagonjwa hawajajaa barazani, mwanamke mmoja anasuuza mirija ya kioo kwenye sinki la maabara ya hospitali ya umma. Anauinua kila mmoja kwenye mwanga wa dirisha, anaukagua, anaupanga kichwa chini. Wenzake wanamwita Mama Chupa.

"Mahakamani waliniita mlalamikaji," anasema. "Afadhali hili la Mama Chupa."

Mama Chupa ana stashahada ya maabara. Alipomaliza sekondari, alama zake zilimruhusu kuingia moja kwa moja ngazi hiyo bila kupitia cheti, ngazi iliyo chini yake. Ajira hazikutoka. Akaolewa, akazaa, na mwishowe akachukua kibarua cha usafi hapahapa, kwa malipo yasiyofika nusu ya mshahara wa fundi maabara.

"Nilijiambia, bora niwe karibu na darubini hata kama siigusi."

Nafasi ya fundi ilipotangazwa, aliomba. Kwenye usaili akaongoza. Kisha bodi ya ajira ikamwita na kumwambia hana sifa: tangazo lilitaka cheti, naye hakuwa nacho.

"Nikawauliza, kwani stashahada haipiti cheti? Yule bwana akanijibu kwa upole kabisa, 'Inapita, mama, lakini siyo cheti.' Nilitoka nje nikacheka peke yangu. Nilipofika nyumbani ndipo nikalia."

Kaka yake, ambaye ni kinyozi, alimsihi aachane nao. "Serikali haishitakiwi na mtu mwenye ndoo," alimwambia. Hakusikia. Kituo cha msaada wa sheria kilimpatia wakili, kesi ikafunguliwa.

Ambacho hakukitarajia ni kwamba nafasi hiyo ingekuwa na mtu. Binti aliyeshika nafasi ya pili kwenye usaili, mwenye cheti, aliajiriwa, akaripoti maabara, na Mama Chupa ndiye aliyemwonyesha makabati. Haukupita muda, binti naye akaitwa mahakamani, maana kazi iliyokuwa ikigombaniwa ilikuwa yake.

"Mimi ndiye ninayemsomesha mdogo wangu," anasema binti huyo. "Nilimwona dada kama mtu anayenivizia. Tukabaki kusalimiana kwa vichwa tu, chumba kimoja, mchana kutwa."

Siku ya kusikilizwa, jaji alimuuliza Mama Chupa kama anataka mwenzake aondolewe. Wakili alikuwa ameomba hivyo kwenye hati. Mama Chupa aligeuka, akamwona binti kwenye benchi la nyuma, ameshikwa mkono na mama yake.

"Hapana, mheshimiwa," akajibu. "Huyu hajanikosea kitu. Nataka bodi iseme kwamba nina sifa."

Nje ya mahakama, kaka mtu alishindwa kujizuia. "Dada, ulikuja kudai kazi au kumwombea mwenzio?"

"Vyote viwili," akamjibu, wakaenda zao.

Jaji aliamua kwamba mtu mwenye ngazi ya juu katika fani ileile hawezi kuhesabiwa amepungukiwa na ya chini. Akaagiza Mama Chupa apewe nafasi ya fundi itakayofuata, bila usaili mwingine. Binti akabaki kazini. Bodi haikukata rufaa.

Kesho yake, binti alimpelekea Mama Chupa chai pale kwenye sinki. "Nisamehe, dada," akasema. Wakanywa wamesimama.

Nafasi yenyewe haijafunguka bado. Fundi mkongwe wa maabara anastaafu mwishoni mwa mwaka, na hadi hapo Mama Chupa anaendelea kuosha vyombo. Darubini haigusi hata akikaribishwa. "Nikianza kabla ya barua ya ajira, watasema nimejiajiri mwenyewe."

Binti naye ameanza stashahada kwa masomo ya jioni, na wakati wa chakula cha mchana Mama Chupa humwelekeza kemia inayomsumbua. Matumaini ya Mama Chupa ni kwamba mwakani watakaa meza moja, kila mtu na darubini yake.

"Nimemwambia asome kwa nguvu zote," anasema, akijifuta mikono. "Ila kile cheti chake akitunze vizuri. Hawa watu wanaweza kukiulizia."