Msusi wa Tegeta Aliyemwambia Daktari "Sijambo"

Kwenye baraza la nyumba moja Tegeta, mteja ameinamisha kichwa na wanawake wawili wanakishughulikia. Mwanaheri Marijani, mwenye umri wa miaka arobaini na mmoja, anagawa nywele kwa kitana alichokishika kwa mkono wa kushoto. Mdogo wake, Najat, anasuka.

"Mstari umepinda," anasema Mwanaheri.

"Umepinda wewe, dada."

Mteja anawaomba wapatane kabla harusi anayokwenda haijaisha.

Zamani kichwa kizima kilikuwa cha Mwanaheri peke yake. Mtindo wa twende kilioni aliusuka akiangalia pembeni, huku akisimulia habari za mtaa mzima. Mwaka juzi lori liligonga bodaboda aliyopanda kwenda kumsuka bibi harusi. Gumba na kidole cha shahada vya mkono wa kulia vilivunjika. Vimeunga, lakini havikutani tena.

"Watu wananiambia shukuru, vitatu vimebaki," anasema. "Sasa hivyo vitatu vinasuka nini?"

Kampuni ya bima ya lori haikatai kwamba dereva alikosea. Ubishi uliobaki mahakamani ni mmoja tu: mkono huo umeharibika kiasi gani? Kampuni inaona milioni mbili zinatosha. Mwanaheri anadai milioni kumi na nane, kwa kazi aliyoifanya tangu usichana na ambayo hataifanya tena.

Kilichomponza ni adabu. Daktari aliyempima kwa ajili ya kesi alimuuliza anaendeleaje. Mwanaheri, mtoto aliyelelewa akaleleka, akajibu: "Sijambo, daktari. Mzima kabisa, alhamdulillah."

Daktari akaandika hivyohivyo, akakadiria ulemavu mdogo, akamwita mgonjwa anayefuata.

Mahakamani, wakili wa bima, Bwana Rogers, aliyasoma maneno hayo kwa sauti ya mtu anayetangaza matokeo ya mtihani wa taifa.

"Mama, ulisema u mzima kabisa?"

"Nilisema."

"Kwa hiyo ulimdanganya daktari?"

"Nilimsalimia."

Watu wakacheka. Hakimu akainama kutafuta kalamu iliyokuwa mkononi mwake.

Wakili wa Mwanaheri, Avelina, hakucheka. Alitoa kwenye mkoba fungu la rasta, nywele bandia za kusukia, akaomba mteja wake aruhusiwe kusuka mbele ya mahakama. Mwanaheri akashika nyuzi tatu na kuanza. Zikadondoka. Akaziokota, akabana meno, akaanza upya. Zikadondoka tena.

Hakimu aliamuru apimwe upya na daktari mwingine, atakayeeleza pia mkono huo unaweza na hauwezi kufanya nini katika kazi ya ususi. Vipimo ni wiki ijayo.

Ndiyo maana barazani kuna mazoezi. Najat anavaa miwani ya mteja, anakunja uso kidaktari.

"Habari yako, mama?"

"Nzu..."

"Dada."

"Samahani. Gumba halifiki kwenye kidole, daktari. Usiku linawaka moto."

"Afadhali. Tena usitabasamu."

Mwanaheri anakiri zoezi ni gumu kuliko kesi. "Mtu kakusalimia vizuri, umwagie maradhi usoni? Lakini nitasema. Nikinyamaza tena, nitakuwa nimejigonga mwenyewe."

Akilipwa haki yake, anataka kupanga fremu ya duka barabarani na kufundisha wasichana ususi. "Kufundisha hakutaki gumba. Mdomo ninao."

"Huo hata lori lisingeuweza," anasema Najat.

Jirani anapita na ndoo ya maji kichwani. "Mwanaheri, za asubuhi?"

Mwanaheri anaweka kitana chini, ananyoosha mgongo.

"Mkono unauma. Vidole viwili havikunjiki, na kazi imenishinda."

Jirani anasimama, hajui atue ndoo au aendelee na safari. Shingo imemkakamaa kwa uzito.

"Na wewe je?" anauliza Mwanaheri.

"Nzuri," anajibu jirani.

Mwanaheri anamtazama kwa huruma, kisha anaokota kitana.